Wakazi wa Dom, mlipuko ukitangazwa msiikimbie damu. Njooni tuelewane

Zabibu Kavu (mleta mada)

Wakuu, habari za majukumu.

Niko maabara hapa Dodoma, upande wa damu. Kituo sikitaji, na naandika kama mimi, si msemaji wa ofisi yoyote. Kuna swali ndugu wa wagonjwa wananiuliza dirishani kila redio ikitangaza ugonjwa mpya: "Hii damu mmeipima huo ugonjwa?" Jibu la kweli ni hapana. Nikishalisema naona mtu anabadilika sura, na wengine wanaomba mgonjwa wao asiongezewe kwanza. Mtoto ana malaria kali, hemoglobini (kipimo cha wingi wa damu) imeshuka hadi 4, anahema juu juu, halafu baba anataka tusubiri mpaka Marburg iishe Kagera.

Dirishani hakuna muda wa kueleza, kwa hiyo nimeileta hapa.

Kila chupa inayochangwa hupimwa VVU, homa ya ini B, homa ya ini C na kaswende. Basi. Marburg haimo, dengi haimo, Homa ya Bonde la Ufa haimo. Kabla majibu hayajatoka, chupa inakaa kwenye friji ya zisizopimwa, na haitoki humo hata daktari apige simu mara ngapi. Ikikutwa na tatizo inateketezwa.

Sasa hiyo Marburg. Tarehe 20 Januari 2025 Rais Samia alitangaza hapa hapa Dodoma, akiwa na Dk. Tedros wa WHO, kwamba ugonjwa umeingia Biharamulo. Machi 13 ukatangazwa kwisha. Waliohesabiwa ni watu 10, wawili walithibitishwa na maabara na wanane walidhaniwa kuwa nao, na wote walifariki. Ugonjwa wa kutisha, sibishi. Lakini mtu wa Marburg huanza kuambukiza akishaumwa, na akishaumwa hana nguvu za kuja kuchangia damu. Hata mwenye kijihoma cha kawaida tukimpima joto tunamshukuru na kumwelekeza kwa daktari. Waliomhudumia mgonjwa hufuatiliwa siku 21, na siku hizo hawachangii.

Ndiyo maana Marburg haikunikosesha usingizi. Kilichonikosesha ni rafu za friji. Ugonjwa ukitangazwa, wachangiaji wanapotea. Watu hawataki mikusanyiko, shule zinaahirisha zoezi, na sisi tunawategemea mno wanafunzi wa sekondari waliotimiza miaka 18. Wakati wa korona ilikuwa hivyo hivyo dunia nzima, ingawa kirusi chenyewe hakijawahi kuthibitishwa kuambukizwa kwa kuongezewa damu. Mama anatokwa damu baada ya kujifungua, grupu yake O hasi, unafungua friji unakuta chupa moja, na hiyo moja imeombwa na wodi nyingine tangu asubuhi.

Ulizeni.

Mtoto wa Nzuguni

Naweka kambi. Tiririka mkuu.

Mama Wawili Nkuhungu

Kaka asante. Kwenye Marburg nimekuelewa, mgonjwa anaonekana. Je, vile virusi ambavyo mtu anatembea navyo na hajijui? Mwanangu ana selimundu, ameshaongezewa damu mara nyingi na ataongezewa tena. Mimi ndiyo ninayebaki macho usiku.

Zabibu Kavu

Dada, umeuliza penyewe.

Hofu ya watu iko kwenye magonjwa ya redioni. Yangu iko kwenye homa ya ini B, ambayo haitangazwi kwa sababu ipo siku zote. Mtu anaweza kuibeba miaka bila kujua. Kipimo tunacho na ni kizuri, lakini aliyeambukizwa majuzi kirusi kinakuwa bado kidogo mno. Tuseme mwizi ameshaingia uani ila mbwa hajabweka. Kwa homa ya ini B kipindi hicho ni kama mwezi mmoja na kidogo. Homa ya ini C, kwa kipimo kinachotafuta kingamwili (askari ambao mwili huwatengeneza kupambana na kirusi), ni karibu miezi miwili. VVU, kwa kipimo kinachotafuta antijeni (kipande cha kirusi chenyewe) na kingamwili pamoja, ni kama wiki mbili hadi tatu. Wenye mashine za kutafuta vinasaba vya kirusi wanashusha ya VVU hadi siku kumi hivi. Sifuri haifiki popote, hata Ulaya.

Kwa mwanao, angalia kadi ya kliniki. Chanjo ya pentavalenti ya wiki ya 6, ya 10 na ya 14 ina kinga ya homa ya ini B ndani yake. Kama alizipata zote, hapo una unafuu mkubwa. Kama kuna iliyorukwa, mwambie daktari wake.

Halafu virusi vya mbu. Dengi, watu kama watatu kati ya wanne hawaugui kabisa au wanahisi uchovu tu, na kirusi kinaogelea kwenye damu hadi wiki. Kupitia damu ya kuongezewa imeshathibitishwa, Hong Kong mwaka 2002 na Singapore 2007. Sisi dengi yetu ni ya Dar, ile ya 2019 mnaikumbuka. Ila tangu treni ya umeme ianze kufika Dodoma Julai 2024, mtu anaumwa na mbu Ilala asubuhi na mchana yuko Dom anakula zabibu. Siku kadhaa baadaye anapita Nyerere Square, anakuta hema la uchangiaji, anajitolea kwa roho safi. Huyo ndiye ninayemfikiria.

Hata hivyo weka kwenye mizani. Polynesia ya Ufaransa, kwenye mlipuko wa Zika wa 2013 hadi 2014, walipima wachangiaji 1,505 waliokuja wakijiona wazima, wakakuta 42 wana kirusi. Hiyo ni mlipuko ukiwa umechacha kisiwani, na hata huko aliyekuwa anawasambazia watu ugonjwa ni mbu. Mwanao akishuka damu, hatari ya kutoongezewa unaihesabu kwa saa.

Mchumi wa Kikuyu

Porojo tu hizi. Damu tunachangia bure. Mwaka jana nilikuwa na mgonjwa hospitali moja hapa mjini, nikaambiwa lete watu wawili wachangie ndipo apewe. Ndugu zangu wote wako Singida. Akatokea kijana getini, akaniambia mpe huyu elfu hamsini anaingia kama shemeji yako. Sasa mnatuambia usalama usalama, usalama gani huo?

Zabibu Kavu

Kaka, hapo sikupingi hata neno moja. Damu haiuzwi, huo ndio utaratibu wa nchi, na anayeuza anavunja sheria. Hayo mengine yana wakubwa wake wa kuyajibu.

Ila hebu mtazame huyo "shemeji" kwa jicho la maabara. Amefuata hela. Muuguzi akimuuliza pembeni, "ulikuwa na homa wiki hii?" atasema hapana. "Ulichanjwa chale karibuni, una mpenzi mpya?" Hapana, hapana. "Mara ya mwisho kuchangia lini?" Miezi sita, kumbe ni wiki tatu. Wanaume wanatakiwa kupumzika miezi mitatu, wanawake minne. Kila jibu alilodanganya limeondoa kinga moja, na kwa virusi tusivyovipima hatuna kinga nyingine zaidi ya majibu yake.

Ndugu wa kulazimishwa naye ni vilevile. Shangazi yuko wodini, ukoo mzima umekaa kwenye benchi unamwangalia. Atasemaje mbele yao kwamba yeye hafai? Ndiyo maana nchi ilipoanzisha Mpango wa Taifa wa Damu Salama mwaka 2004 nia ilikuwa kuondoka kwenye damu ya ndugu na kwenda kwa mchangiaji wa hiari anayerudi rudi. Huyo wa kurudi ameshapimwa mara kadhaa, na akiwa na shaka anabaki nyumbani, hana wa kumwonea aibu.

Mwanafunzi wa Chimwaga

Mimi huwa nachangia chuoni kwa sababu moja tu, kujua afya yangu bure. Wenzangu wengi tuko hivyo. Kuna ubaya?

Zabibu Kavu

Upo, mdogo wangu, na nashukuru umesema wazi. Anayekuja kupima ni yule mwenye wasiwasi. Mwenye wasiwasi mara nyingi amefanya jambo wiki hizi mbili tatu, yaani yuko ndani ya kile kipindi ambacho kipimo hakioni. Majibu yatakuja safi, wewe utafurahi, na chupa yako itakwenda kwa mtoto. Ukitaka kupima nenda kliniki, ni bure na ni siri. Njoo kwetu siku ambayo huna cha kutafuta.

Dereva wa Kongwa

Samahani, nauliza kijinga. Si mnaiweka kwenye friji mwezi mzima? Virusi havifi na baridi?

Zabibu Kavu

Si ujinga. Chembe nyekundu tunazitunza nyuzi 2 hadi 6, siku 35 kwa dawa ya kawaida ya kuzuia kuganda. Baridi hiyo inamdhoofisha bakteria wa kaswende baada ya siku kadhaa. Virusi inavihifadhi vizuri kabisa. Plazma, yaani maji maji ya damu, ndiyo kabisa, inagandishwa, na kirusi ndani yake kinalala salama. Chembe sahani, zile za kugandisha damu, zinakaa joto la chumba siku tano tu huku zikitikiswa, kwa hiyo hata muda wa kusubiri kusikia kama mchangiaji ameugua haupo. Na chembe sahani wanazihitaji sana wagonjwa wasio na kinga, kama hao watoto wa selimundu wanaopandikizwa uloto (ute wa ndani ya mfupa) pale Hospitali ya Benjamin Mkapa.

Kisu Kikali

Salaam. Mimi niko machinjioni Kizota miaka mingi. Mmeongea dengi na Marburg, lakini sisi wa Dodoma ugonjwa wetu ni ule wa 2007. Ng'ombe walikuwa wanatupa mimba Bahi huko, Chamwino huko, sisi tunasikia tu, tukaendelea kuchinja. Baadaye mabucha yakakosa wateja, watu wakahamia kuku na samaki. Nilikuwa kijana, namjua mtu aliyelazwa macho mekundu, akatoka haoni vizuri mpaka leo. Nauliza: sisi tunaoshika damu ya wanyama kila siku, tuchangie au tukae pembeni?

Zabibu Kavu

Mzee wangu, shikamoo. Nilikuwa nasubiri nani ataitaja.

Homa ya Bonde la Ufa ya 2007 iliua zaidi ya watu 100 nchini, na Dodoma ndiyo iliumia kuliko mikoa yote. Mvua za mwishoni mwa 2006 zilijaza mabonde, na mayai ya mbu wa Aedes huweza kulala kwenye udongo mkavu miaka, wakisubiri maji. Mbu wanaangua, wanauma mifugo, mifugo inatupa mimba kundi zima kwa mpigo. Binadamu wengi walioambukizwa waliipata kwa kushika damu, nyama na ndama waliotupwa, wengine kwa mbu. Ugonjwa wenyewe huanza siku 2 hadi 6 baada ya kuambukizwa. Wengi wanaona mafua na viungo kuuma, wanakunywa panado, yanaisha. Wachache wanatokwa damu, na kati ya hao karibu nusu hufa. Na yale macho uliyoyaona kwa jamaa yako ni sehemu ya ugonjwa huo.

Kuambukizwa kwa damu ya kuongezewa hakujawahi kuthibitishwa. Lakini kirusi kinakuwemo kwenye damu siku zile za homa, kwa hiyo sisi hatukai tukibahatisha.

Jibu lako: siku za kawaida mchinjaji anachangia kama mtu mwingine yeyote, na wengi wenu mna afya na damu ya kutosha. Ila ukisikia mifugo inatupa mimba, au umeshika mnyama aliyekufa ghafla, au una homa, subiri. Ulaya anayetoka eneo lenye mlipuko wa dengi au chikungunya huambiwa akae siku 28. Na mwambie muuguzi kazi yako bila kuulizwa. Mtu wa mjini asiyewahi kukanyaga zizi hatafikiria kukuuliza habari za ndama.

Mzee wa Reli

Vijana mmeongea vizuri, niongeze kidogo kwa sisi tunaopenda historia.

Homa ya Bonde la Ufa ilitambuliwa karibu na Naivasha, ikaandikwa 1931. West Nile, Uganda, 1937. Zika, msitu wa karibu na Entebbe, 1947. Chikungunya, uwanda wa Makonde huku kwetu kusini, 1952. Zote nne ni za Afrika Mashariki, na tatu zimeshapiga hodi benki za damu za matajiri. Marekani mwaka 2002 watu 23 walipata West Nile kwa kuongezewa damu. Mwaka uliofuata, 2003, wakaanza kupima damu zao kwa vinasaba vya kirusi hicho. Yaani mwaka mmoja! Sisi kirusi kinatoka jirani na kipimo kinaishia kwao.

Kisiwa cha Réunion, 2005 hadi 2006, chikungunya ilimpata karibu mtu mmoja kati ya watatu. Ufaransa ikasimamisha ukusanyaji wa damu kisiwani na kuleta chupa kwa ndege kutoka bara. Sasa mleta mada, Dodoma ikipatwa, ndege yetu iko wapi?

Zabibu Kavu

Mzee, hiyo ya mwisho imenichoma.

Ndege hatuna, tuna gari lenye kasha la baridi na vituo vya kanda vingine. Kanda yenye akiba inampa mwenzake. Kinachoumiza ni kwamba akiba haipo hata siku za amani. WHO wanashauri nchi ikusanye walau chupa sawa na asilimia moja ya watu wake kwa mwaka. Kwa watu zaidi ya milioni 60 hizo ni zaidi ya chupa laki sita, kwa kuanzia tu. Likizo za shule zinatupiga, Ramadhani inatupiga, halafu uongeze tangazo la mlipuko.

Ila kuna kinga moja ambayo haihitaji mashine ya kutoka Marekani, nami naona watu hawaijui kabisa. Ni simu baada ya kuchangia. Umechangia Jumatatu ukiwa mzima. Jumatano umepata homa, au mwili una vipele, au umepigiwa kuambiwa rafiki uliyelala naye chumba kimoja Dar amelazwa na dengi. Piga simu kituo ulichochangia, useme: "Nilichangia Jumatatu, leo naumwa, damu yangu msiitumie." Basi. Hatuhitaji mkanda mzima wa maisha yako. Kila chupa ina namba, tunaifuata mpaka tuikute, na kama bado iko kwenye friji inatolewa siku hiyo hiyo. Kama imeshatumika, daktari anaarifiwa amwangalie mgonjwa. Hiyo simu inafanya kazi kwa kirusi chochote, hata kile ambacho hakijapewa jina.

Mama Wawili Nkuhungu

Nimechangia mara tatu maishani, hakuna aliyeniambia habari ya simu.

Zabibu Kavu

Ndiyo hapo dada. Pale kwenye soda na biskuti watu wamechoka, wana haraka, muuguzi ana foleni ya arobaini. Linasemwa kwa haraka au halisemwi. Mkichangia, ombeni namba kabla hamjainuka kwenye kiti.

Mchumi wa Kikuyu

Haya, kwenye simu umenishika. Yule wa getini lakini hatapiga simu hata siku moja.

Zabibu Kavu

Hatapiga. Ndiyo maana simtaki.

Kisu Kikali

Wakuu, mrejesho. Leo nimekwenda kuchangia, nimemwambia binti wa watu kila kitu kama nilivyofundishwa hapa: nachinja, ndama aliyetupwa sijashika, homa sina, kilo 78. Akaniangalia kidole gumba, nilijikata juzi na bado kibichi. Amenikataa. Kijana wangu niliyekwenda naye ndiye amelala kitandani, katoa yake, kaandikiwa namba ya kupiga akiumwa. Mimi nimeambiwa nirudi kidonda kikikauka. Soda nimeinyimwa pia.